Mgeni kwenye Betwani

Mimi ni mwoga, na sisemi hivyo ili nihurumiwe. Naogopa radi, naogopa pikipiki zinazopita upande usio wao, naogopa simu inayolia nikiwa darasani. Waswahili husema kwa mwoga huenda kicheko na kwa shujaa huenda kilio. Mimi nilichagua kicheko mapema, na mdogo wangu wa kiume, ambaye ni fundi wa magari hapa hapa mtaani kwetu Buyenzi, hajawahi kuninyima.

Kwa hiyo mtu akiniuliza kwa nini miaka yote ile sikuwahi kutia mkono kwenye bustani ya mama, jibu ni fupi. Majani yalikuwa mengi mno na sikujua chini yake kuna nini.

Kuiita bustani ni kuikuza kidogo. Ni kipande chembamba cha ardhi nyuma ya nyumba, kati ya jiko na ukuta wa gereji ya jirani anamofanya kazi mdogo wangu, kimezungushiwa matairi ya zamani yaliyofukiwa nusu. Marehemu baba alikuwa dereva wa lori. Siku moja alipeleka saruji kwenye misheni moja huko juu milimani, kwenye baridi, na masista wakampa shina la ua walilolipanda kando ya njia yao, likiwa limefungwa kwenye gunia lenye maji. Kwa Kifaransa linaitwa bétoine. Baba alisema betwani, na sisi sote tukasema betwani.

Watu walimcheka. Ua la baridi litaishi vipi na joto hili la chini, karibu na ziwa, na moshi wa gereji juu yake? Lakini baba alilipanda pale ambapo ukuta hutupa kivuli kuanzia mchana, na mama akawa analimwagilia maji aliyooshea mchele, nalo likaishi kwa kununa. Kila kiangazi lilisinyaa likabaki vijani vichache vilivyojikunja chini, tukasema basi, mwaka huu limekufa kweli. Mvua ikirudi, nalo linarudi. Kwanza majani, marefu ya kikonyo, yenye makunyanzi kama ngozi ya kiwiko na kingo zilizochongwa meno madogo. Halafu mashina yaliyonyooka, ambayo ukiyashika unahisi pembe nne. Mwisho maua ya zambarau iliyoelekea wekundu, yamebanana juu kama suke, na nyuki wanayagombania. Kila baada ya miaka michache mama alichimbua shina kubwa akaligawa, akapanda vipande. Baba alipofariki betwani ilikuwa imejaza ule ukingo wote wa ukuta.

Mama hakuongea sana kuhusu baba baada ya mazishi. Ila kila asubuhi, akishasali na kunywa chai, alichukua kigoda chake akaenda kukaa kwenye betwani. Mikono yake ilizama humo hadi kwenye viwiko. Alitoa magugu, alitoa majani yaliyokufa, aliinua yaliyolala. Mimi nilirudi kuishi naye ndoa yangu ilipokwisha, na kabla ya kwenda shuleni Ngagara, ninakofundisha, nilikunywa chai yangu nimesimama kwenye mlango wa jiko nikimwangalia. Nilikuwa namwonea wivu ule utulivu.

Kuna jambo jingine ambalo lazima nilitaje hapa. Bibi, mama yake mama, aliishia kuwa kipofu katika nyumba hii hii. Siku familia ilipojua, ilimpenda kupita kiasi. Walimtandikia mkeka kwenye kona ya sebule na kila kitu kikaletwa pale: chakula, maji, tasbihi. Moto asiguse, kisu asiguse, ndoo asiguse. Kaa tu, bibi. Akakaa, miaka, mpaka akafa. Nilikuwa mdogo, na ninachokumbuka ni mikono yake ikitembea juu ya mkeka, ikitafuta kitu cha kufanya.

Mama hakuwahi kukizungumzia kile kipindi. Nilipomwambia mara moja kwamba labda twende kwa daktari wa macho, kwa sababu sindano zote sasa nilimtungia mimi, alinijibu bila kugeuka.

"Macho yangu iko muzuri. Peleka yako."

Nikaacha. Ni kweli alikuwa akimimina chai huku ameingiza ncha ya kidole kikombeni, na alikuwa ameacha kwenda sokoni peke yake, akisema jua limekuwa kali. Nilijiambia ni uzee.

Halafu mvua ya mwaka ule ikaja na hasira. Mto Ntahangwa ulifura, ukala kingo zake, na watu wa upande wa mtoni wakaanza kusimulia vitu vilivyotoka humo na kuingia majumbani. Nilisikiliza hadithi zote. Mwoga huwa hakosi hadithi hata moja.

Asubuhi moja nilikuwa naanika nguo. Kwenye ukuta wa gereji kuna tundu la kupitishia maji ya mvua, na katika tundu hilo niliona weusi ukisogea. Nilidhani ni maji machafu. Kisha ule weusi ukapanda juu ya tairi, mnene kama mpini wa jembe, ukateremka upande wa pili ukaingia chini ya betwani. Majani hayakutikisika. Hilo ndilo lililonimaliza, kwamba majani hayakutikisika hata kidogo. Ningekuja dakika moja baadaye nisingejua lolote, na mama angeketi pale na kigoda chake.

Beseni liliniponyoka. Mama alikuwa kwenye ngazi ya jiko akichambua mchele.

"Nini?"

"Nyoka, mama! Ameingia mu betwani!"

"Usimutaje," alisema. "Sema mugeni."

Kwetu, nyoka aliyeingia nyumbani hauawi papo hapo. Ndivyo mama alivyolelewa na ndivyo tulivyofundishwa madrasa: huenda huyo si nyoka, ni jini, na jini anaweza kuwa Mwislamu kama wewe. Unamwonya kwa siku tatu, kwa adabu, ukimwomba aondoke. Siku tatu zikipita na bado yupo, basi ni mnyama tu, na hapo fimbo inaruhusiwa. Nimewahi kusikia watu wa mitaa mingine wakilicheka jambo hili. Wanacheka kwa sababu hawajalala katika nyumba ambayo mgeni kama huyo bado ana siku mbili za kukaa.

Mdogo wangu alikuja mbio kutoka gereji, ovaroli limejaa grisi, nondo mkononi.

"Mama, mi namumaliza sasa hivi."

"Utamumaliza nani? Kwanza tunamuambia."

"Na akiuma mutu?"

"Atauma mutu mwenye kumukosea adabu."

"Jini gani atakuja kukaa Buyenzi na hizi makelele ya gereji?"

"Labda gari yake imekufa," mama alisema. "Amekuja kutafuta fundi. Hajapata."

Mdogo wangu alicheka licha ya hasira zake. Mimi sikucheka. Mama aliuweka ungo chini, akanishika mkono, akasimama kwenye ngazi, akatoa onyo la kwanza kwa sauti ile anayopokelea wageni wa Idi. Alimsalimu. Alimwambia nyumba hii ina watu na watu wana hofu, aende zake kwa heri. Mkono wake ulinibana kwa nguvu na nilifikiri ananitia moyo mimi.

Nilimsihi asikanyage kule bustanini mpaka jambo liishe.

"Na majani yenye kufa, nani atatoa?"

"Nitatoa mi."

"We?"

Alicheka mpaka akajifuta macho. Sikuweza kukasirika, kwa sababu tulijua wote wawili.

Kesho yake kigoda kilikuwa kwenye betwani kama kawaida. Alikubali kitu kimoja tu, kukaa upande wa mbali na tundu. Nilisimama nyuma yake na ufagio, nikichungulia kila jani. Vidole vyake viliingia, vikapotea, vikatoka na jani jekundu lililokauka. Vikaingia tena. Kila vilipopotea mimi niliinua ufagio. Jirani wa upande wa pili, mama mmoja mpenda maneno, alichungulia juu ya ukuta akaniona na ufagio wangu.

"Aliyeumwa na nyoka akiona ung'ongo hushtuka," alisema. "Na we hata hujaumwa!"

Nilikwenda shuleni nimechelewa. Sijui nilifundisha nini siku ile. Watoto walikuwa wakisoma kwa pamoja na mimi nilikuwa naona mkono wa mama ukiingia kwenye majani na hautoki. Simu niliiweka juu ya meza, nikawa naiogopa ikinyamaza kama ninavyoiogopa ikilia. Nilihesabu ni nani yuko nyumbani: hakuna mtu. Mdogo wangu akiwa chini ya gari hasikii hata adhana.

Niliporudi jioni nilimkuta mdogo wangu amesimama kwenye ukuta wa bustani na kidumu cha mafuta machafu ya injini. Huku kwetu mafuta hayo ni dawa ya kila kitu. Mchwa, vumbi, upele wa mbwa, yote hupakwa mafuta machafu, na wanasema nyoka hawezi kuvuka mstari wake. Alinionyesha kidole mdomoni. Alidhani mama yuko ndani anasali, na alikuwa tayari amefungua kifuniko, harufu ikienea.

Mlango wa jiko ulifunguka.

"Rudisha hiyo kidumu," mama alisema. "Unataka kuua betwani ya baba yako?"

"Mama, ni kidogo tu, pembeni pembeni..."

"Rudisha."

Akarudisha. Nakumbuka uso wa mama ulikuwa umeelekea kwenye lango, wakati mdogo wangu alikuwa amesimama ukutani, hatua kadhaa kushoto kwake. Niliona hivyo, lakini hofu yangu ilikuwa na kazi nyingine. Akatoa onyo la pili kutoka mlangoni, na alipomaliza akavuta hewa na kutabasamu.

"Umeona vile imechanua muzuri mwaka hii?"

Nilitazama. Mashina yalikuwa yamepanda, lakini masuke yalikuwa bado kijani, yamefumba. Nikasema ndiyo, mama, kwa sababu nilitaka tuingie ndani tufunge mlango.

Siku ya tatu niliwaambia shuleni kwamba naumwa tumbo, na haukuwa uongo. Alfajiri mvua ilikuwa imenyesha ikakatika. Ardhi ilikuwa laini, ukuta umelowa, na kutoka gereji nilisikia mdogo wangu akibishana na mteja. Nondo yake alikuwa ameniachia mlangoni. Niliishika kwa mikono miwili.

Mama alivaa kitenge kizuri na ushungi safi. Alisema onyo la mwisho halitolewi kwa mbali, mgeni atadhani unamdharau.

"Mama, tafazali."

"Kaa hapo. Usinifuate. Hofu yako itamukasirisha."

Akaenda polepole, mkono wa kushoto ukigusa tairi moja baada ya jingine, mpaka katikati ya bustani. Hapo chini, kwenye tope kando ya majani, ulikuwa umelala mpira wa kumwagilia maji, tuyo kama tunavyouita, mweusi, niliouacha mwenyewe bila kuukunja. Ncha ya ndara yake ikaugusa. Ule mpira ukajiviringisha kidogo, kama mpira unavyofanya.

Mama akaganda. Akarudisha mguu nyuma nusu hatua, sio zaidi. Akakunja mikono kifuani, akainamisha uso, akaanza kuuongelesha.

"Asalam aleikum, mugeni. Leo ni siku ya mwisho. Hapa ni kwa mume wangu. Ni yeye alileta hii maua kutoka ku milima, mu gunia. Watoto yangu wanakuogopa, wasamehe. Mi sikuogopi, lakini mi ni muzee na mikono yangu iko na kazi humu ndani. Sina kazi ingine. Nakuomba uende kwa amani."

Nilikuwa bado sijaelewa ninachokiona, kwa sababu wakati huo huo, nyuma yake, majani yalifunguka na nyoka akatoka.

Alitoka karibu na kisigino chake, umbali wa mkono mmoja. Alikuwa mrefu kuliko nilivyomkumbuka. Aliinua kichwa akakaa hivyo, akipima hewa. Nilifungua mdomo. Hakuna kilichotoka, na namshukuru Mungu kwa woga wangu, kwa sababu wazo lilinijia baadaye kidogo kwamba nikipiga kelele mama atarudi nyuma, na nyuma ndiko alikokuwa nyoka. Nikabaki na mdomo wazi na nondo mkononi, kama picha. Mama akaendelea kuuombea dua ule mpira. Nyoka akashusha kichwa, akajivuta kando ya ukuta, juu ya tairi, akaingia kwenye tundu, na mkia wake ukachukua muda mrefu sana kwisha.

Ndipo nikaelewa. Mama yangu alikuwa amesimama na mguu wake mbele ya kitu alichoamini ni nyoka, na hakukimbia. Na hakuwa anaona kitu. Si sindano tu, si jua kali. Hakuwa anatofautisha mpira na nyoka, lango na ukuta, chipukizi na ua. Woga niliokuwa nao siku tatu zile ulikuwa mdogo, nikasikia mwingine ukiingia, mkubwa, na huu haukuwa na tundu la kutokea.

"Unamuona vile anaondoka?" mama aliuliza kwa sauti ya chini, uso bado umeelekea kwenye ule mpira uliolala palepale. "Taratibu. Ana adabu."

"Namuona, mama," nilisema. "Ameshaenda."

Alishusha pumzi. Akavuta kigoda chake, akaketi, akanyoosha mikono kuelekea kwenye majani, na mikono hiyo ingekutana kwanza na mpira. Sijui nilifikaje. Mimi, ambaye sikuwahi kuvuka yale matairi, niliruka nikaukamata nikauvuta. Ukaburuzika kwenye matofali kwa sauti yake ile, ambayo kila mtu katika nyumba yetu anaijua.

Mikono ya mama ikasimama hewani.

"Ni nini hiyo?"

"Tuyo, mama."

"Ilikuwa wapi?"

Aliushusha mkono wake kwenye tope, mahali ambapo mpira ulikuwa umelala usiku kucha kwenye mvua, akapata alama yake. Mfereji mdogo, mviringo, laini. Kidole chake kikafuata ule mfereji polepole mpaka kwenye alama ya ndara zake mwenyewe, kikasimama hapo. Nilitamani adhana, kelele za gereji, chochote. Mdogo wangu na mteja wake walikuwa wameshapatana.

Mama akausawazisha ule mfereji kwa kiganja, kama anavyosawazisha udongo baada ya kupanda.

"Tangu Ramazani ya mwaka jana," alisema. "Naona moshi tu. Asubuhi naona moshi mweupe, jioni moshi mweusi."

"Mama, mbona hukusema? Tutaenda kwa daktari wa macho. Kesho. Leo!"

"Tutaenda." Aligeuza uso kunielekea, na safari hii aliupata uso wangu sawasawa, kwa sababu nilikuwa nalia na alinisikia. "Lakini akisema imekwisha, usinitandikie mukeka. Unasikia, mutoto yangu? Usinikalishe ku kona."

Nilimwona bibi na mikono yake. Na niliona wazi, kwa aibu, kwamba mkeka nilikuwa nimeshautandika kichwani tangu nilipoelewa: nilikuwa nimeshafikiria nani atamchotea maji, nani atamkataza moto, na jinsi ya kuling'oa hili ua lote ili asije akaumwa. Mwoga ni hodari sana wa kuwapenda watu kwa namna hiyo.

Basi nikapiga magoti kwenye tope kando ya kigoda chake. Mahali alipotokea nyoka majani yalikuwa bado yameachana kidogo, na chini yake kulikuwa na giza na ubaridi. Mwili wangu wote ulisema hapana. Huenda walikuwa wawili. Huenda kulikuwa na mayai. Nilifumba macho, nikasema bismillahi, nikatia mkono mpaka kwenye kiwiko.

Mkono wa mama ulikuja ukaukuta wangu humo ndani. Ulikuwa unatetemeka, na sijui ulikuwa umeanza lini. Akanishika kidole akakipeleka kwenye jani moja kavu, jembamba, lililolegea kwenye kikonyo chake.

"Hii imekufa," alisema. "Vuta."

Nikavuta.